Sahani za taarab ya Tanga zipo, mhariri, nami ninazo kumi na moja

Mhariri,

Makala yenu ya wiki iliyopita juu ya taarab ya Tanga nimeisoma mara mbili: mara ya kwanza kwa furaha, mara ya pili kwa miwani. Nilipofika pale mwandishi wenu anaposema kwamba nyimbo za Black Star na Lucky Star, makundi ya taarab ya hapa Tanga, hazikupata kutiwa kwenye sahani za santuri, kwamba zilibaki midomoni mwa watu na kwenye makabati ya redio ya taifa, nilimwita mke wangu anisomee yeye. Akasoma vile vile.

Mimi ni fundi redio mstaafu, nakaa Ngamiani, na hivi ninavyoandika ipo sahani moja mezani, nimeisogeza mbali na kikombe cha chai nisije nikaimwagia. Ni ile ndogo ya inchi 7, ya kuchezwa kwa mizunguko 45, yenye tundu kubwa katikati. Jina la kundi limeandikwa: Lucky Star Musical Club. Na kwenye karatasi ile ile ya katikati kuna neno moja kubwa kuliko mengine: Mzuri.

Huyo Mzuri ndiye hakutajwa kwenye makala yenu hata mara moja.

Mzuri ilikuwa lebo ya Mombasa. Wenyewe ni Assanand & Sons, familia ya Kihindi yenye duka la muziki. Si kampuni ya London wala shirika la serikali. Ni wenye duka waliotazama watu wa pwani wanapenda kusikiliza nini, wakaona hakuna anayewatengenezea, wakaanza kutengeneza wenyewe. Kwetu hapa hakuna aliyesema Assanand & Sons. Tulisema "kwa Asanandi", na sahani tukaziita mzuri, kama mtu anavyotaja aina ya sigara. Mwalimu wetu wa Kiswahili alikuwa hapendi. Akiuliza, mzuri nini? Sahani ni nzuri, santuri ni nzuri, huyo mzuri ni nani? Shangazi yangu, ambaye hakusoma zaidi ya chuo cha Kurani kwa maalim, ndiye aliyempa jibu: wimbo.

Sahani zilifika nyumbani kwetu kwa njia ya basi. Mume wa shangazi alikuwa kondakta wa basi la Tanga na Mombasa, na njia yenyewe ilikuwa ya vumbi hadi Horohoro, kisha Lunga Lunga, kisha foleni ya feri pale Likoni. Akilala Mombasa usiku mmoja, asubuhi anapita dukani kabla ya kugeuza. Sahani alizifunga ndani ya kanga ya shangazi na kuziweka chini ya kiti chake mwenyewe, kwa sababu juu ya keria jua lingezimaliza. Moja aliwahi kuisahau mbele, kwenye kioo cha dereva. Ilifika imejikunja kama papadi. Shangazi aliilalia kwa siku tatu chini ya godoro akitumaini itanyooka, na kwa kweli ilinyooka kiasi cha kupigika, lakini mwimbaji akawa kama anaimba akiwa ndani ya mtumbwi.

Redio gramu yenyewe, redio yenye kipiga sahani ndani yake, ilikuwa ya miguu minne, ya vali, na ule mhimili wa katikati ulikuwa mwembamba, wa sahani za tundu dogo. Sahani za tundu kubwa zinataka kizibo. Kizibo cha dukani kilipotea, basi mume huyo wa shangazi akakata kingine kwa wembe kutoka kwenye soli ya kandambili. Nimeukuta ufundi mwingi maishani mwangu, nimefungua mashine za Kijapani na za Kidachi, lakini nikiulizwa nilijifunzia wapi kazi nasema kwenye ile kandambili. Kilipokuwa hakijakaa sawasawa, wimbo uliyumba. Nikawa mimi ndiye natumwa kukiweka sawa, na tangu hapo nikawa mtu wa redio.

Sasa jambo ambalo sijaona limeandikwa popote. Wasomaji wako wanajua kwamba taarab ni kutunza. Mwimbaji anaimba, ubeti ukikugusa unainuka, unakwenda mbele kwa madaha, unamtunza fedha, unarudi. Bila ya kutunzwa wimbo haujakamilika. Shangazi yangu alikuwa akiitunza sahani. Shakila akifika kwenye ubeti wake, shangazi huinuka kutoka mkekani, akafunga kanga upya, akacheza taratibu hadi kwenye redio gramu, akaweka juu ya kifuniko senti hamsini, ile ya sungura. Halafu anarudi kukaa. Wageni walicheka mara ya kwanza, mara ya pili wakawa nao wanainuka. Besi ikiingia, zile sarafu juu ya kifuniko zinatetemeka na kusogea, na mimi niko pembeni nangoja ianguke moja. Nilikunywa barafu nyingi kwa jasho la Shakila, Mungu anisamehe. Shakila Saidi alizaliwa 1947 na amefariki Agosti 2016, baada ya kuimba Black Star, kisha Lucky Star, kisha huko mbele bendi ya jeshi, JWTZ. Sikuwahi kumlipa deni langu.

Namtaja shangazi kwa sababu inanisaidia kueleza sahani ilikuwa nini na haikuwa nini. Harusini wimbo mmoja waweza kuchukua robo saa, na watunzaji wakiwa na mkono mwepesi, zaidi. Sahani ya inchi 7 haikupi zaidi ya dakika tatu au nne kila upande. Kwa hiyo mpigaji akiingia studio ilibidi achague: akate beti, au wimbo aupasue mara mbili, nusu upande wa kwanza, nusu upande wa pili. Ala zinaingia haraka, mwimbaji hangoji. Wazee waliozoea taarab ya Unguja, ya kundi la Ikhwani Safaa lililoanza 1905, yenye bashraf ndefu, yaani utangulizi wa ala tupu, na ganuni ya nyuzi nyingi na fidla zimepangwa kama jamaa wa harusi, waliona huu ni utoto. Mimi naona, na hapa najua nitapigwa mawe, kwamba ule ufinyu wa sahani uliwafaa sana watu wa Tanga. Black Star na Lucky Star hawakuwa na jeshi la fidla. Walikuwa na gitaa la umeme, besi, kodiani, ngoma ndogo, na sauti za wanawake zilizotoka mbele. Muziki wao ulikuwa na mwendo wa kuchezeka. Ukiubana kwa dakika tatu haufi, unawaka. Na ndiyo maana ulivuka mpaka ukawafundisha na wengine. Gitaa na besi vikaingia kwenye taarab ambako wazee walikuwa wakivikatalia.

Swali la kijana aliyeandika makala huenda ni hili: kwa nini Mombasa? Kwa nini watu wa Tanga watolewe sahani na duka la Kenya? Kwa sababu Tanzania hatukuwa na kiwanda cha kutengeneza sahani. Redio Tanzania Dar es Salaam ilirekodi makundi kwa utepe, na utepe ule ukarushwa hewani, ukarudi maktaba. Ilikuwa kazi kubwa na ya heshima, lakini utepe wa redio hauununui ukaupeleka nyumbani. Kiwanda kilikuwa Nairobi. Kwa wasiojua kazi hii: utepe unapelekwa, sauti inachongwa kwenye sahani laini, ile sahani inafunikwa kwa madini hadi unapatikana mhuri wa chuma, na mhuri ndio unaokandamiza plastiki ya moto, moja baada ya moja, kama mtu anayepiga chapati kwa kibao. Mhuri ni mali ghali. Huwezi kuutengeneza kwa sahani ishirini za kuwapa jamaa zako. Lazima awepo mtu mwenye fedha anayeamini kwamba Mdigo wa Kwale na Msambaa wa Muheza na fundi cherehani wa Ngamiani watanunua. Mwenye duka la Mombasa aliamini.

Zamani za nyuma kidogo mambo yalikuwa mengine. Siti binti Saad ilibidi apande meli mwaka 1928 kwenda Bombay kuirekodia kampuni ya HMV. Bombay, mhariri! Kampuni zile kubwa zilikuja na kuondoka kadiri zilivyoona faida, na zilipoondoka hazikuacha hata msumari. Walioziba pengo baada ya vita vya pili ni hawa wadogo, wenye maduka na wenye studio za chumba kimoja. Waliishi hapa hapa. Sahani ikiwa mbaya mteja anarudi nayo mkononi kesho yake.

Na Mzuri haikuwa ya Tanga peke yake, nisije nikaonekana mchoyo. Kwa Mombasa yenyewe waliwatoa wengi: Zein l'Abdin, mtu wa Lamu, mpigaji wa udi ambaye alishika mashairi ya kale ya huko kwao akayarudisha masikioni mwa watu, Matano Juma na kundi lake la Morning Star, Yaseen, Maulidi Juma na Zuhura Swaleh, pamoja na kile kinanda cha Kijapani wanachokiita taishokoto, chenye vidude kama vya taipureta. Nimekifungua kimoja mwaka fulani kwa ajili ya kukitia maiki ndani. Ndani yake ni nyaya chache tu, na mtu unashangaa sauti yote ile ya kulia imetoka wapi.

Njia ile ile ya basi waliipita na wanamuziki wa dansi. Wilson Peter na ndugu yake George Peter, vijana wa hapa Tanga waliopigia bendi ya Jamhuri Jazz, walizungukia Arusha hadi Mombasa, wakawa bendi ya Simba Wanyika mwaka 1971. Wale hadithi yao inajulikana, siirudii. Ninachosema ni kwamba kati ya Tanga na Mombasa hapakuwa na nje na ndani. Ilikuwa barabara moja yenye feri mwishoni.

Kisha ikaja 1977. Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika, mpaka ukafungwa, na ukakaa umefungwa mpaka 1983. Kwenye vitabu mnaandika habari za ndege na reli na mabehewa yaliyogawanywa. Nyumbani kwetu ilikuwa hivi: kondakta akapangiwa basi la Korogwe, na sahani mpya hazikuja tena. Shangazi akabaki na zile zile. Sindano ya redio gramu ikachakaa, na sindano mpya nayo ilikuwa ya kutoka ng'ambo ya mpaka. Nikaanza kuinoa ya zamani kwa msasa laini, kitu ambacho leo kijana akinifanyia mbele yangu namfukuza kazi. Kila siku tulipozipiga tulizila kidogo. Wimbo mmoja wa Black Star tuliupenda hata tukaumaliza; ukiutia sasa unasikia mchanga, na kwa mbali sana, kama mtu aliye upande wa pili wa mto, mwanamke anaimba.

Mpaka ulipofunguliwa sahani zenyewe zilikuwa zinakwenda kuzimu. Kaseti imeingia. Mombasa kulikuwa na Mbwana Radio Service, nao walirekodi taarab na kuiuza kwa kaseti, na nitasema ukweli hata kama ni mpenzi wa sahani: kaseti iliijua taarab zaidi. Saa nzima, wimbo hauukati, vigelegele vimo, kutunza kumo, mtoto analia kwa nyuma. Ubaya wa kaseti ni kwamba kila mtu mwenye redio ya kuingiza kaseti mbili akawa kiwanda. Mimi mwenyewe nimenakili, sikatai, mbele ya duka langu palikuwa na foleni. Mwenye kulipia studio hakuweza kushindana na fundi wa Ngamiani mwenye umeme.

Mnajua hizo nyimbo ziliibukia wapi tena? Ulaya. Mwaka 1989 lebo ya London iitwayo GlobeStyle ikatoa mkusanyiko wa Black Star na Lucky Star, ikauita Nyota. Miaka ya 2000 Buda Musique wa Paris, katika mfululizo wao wa Zanzibara, juzuu ya pili wakaipa taarab ya Mombasa ya kati ya 1965 na 1975, zile kazi za Mzuri. Mjukuu wangu ndiye aliyenionyesha kwenye simu. Nikamsikia Zein safi, bila mchanga, bila kandambili. Nilifurahi na nikaona aibu kwa pamoja. Nilifurahi kwa sababu kuna mtu alizitunza. Niliona aibu kwa sababu mjukuu aliniuliza, "Babu, kumbe hawa walikuwa wa hapa?"

Hawezi kulaumiwa. Atajulia wapi? Miaka kadhaa nyuma walikuja watu kwangu, wamevaa vizuri, wana barua yenye mhuri, wanakusanya kumbukumbu za muziki wa zamani. Sitawataja. Nilikuwa na sahani ishirini na sita. Niliwapa kumi na tano kwa mkono wangu, nimezipangusa moja moja kwa pamba na maji ya sabuni, wakaandika kwenye daftari "sahani 15, hali nzuri". Walisema wiki mbili. Nilikwenda mara nne. Mara ya nne yule niliyemkuta ofisini alinionyesha sahani iliyotiwa maji moto ikapindwa kuwa bakuli, mezani kwake, ndani mna peremende. Haikuwa yangu, niligeuza nikaangalia. Lakini nilielewa. Ndiyo maana leo nasema ninazo kumi na moja, na ndiyo maana hazitoki nyumbani.

Sasa ombi langu, na ndiyo sababu hasa ya barua. Kusahihisha makala ni mistari miwili tu, mtaweza. Lililo zito ni hili. Kwenye sahani zangu limeandikwa jina la wimbo na jina la kundi. Nani amepiga kodiani, nani ameshika besi, akina mama wale wanaoitikia ni akina nani, karatasi haisemi. Mwenye duka hakuwa na nafasi. Karatasi yenyewe ni duara la kama sentimita tisa, na tundu limekula katikati. Wanaojua wapo. Baadhi yao wanapita barabara ya kumi na mbili kila Ijumaa wakienda msikitini. Mmoja nilimpigia sahani mwezi uliopita kibarazani kwangu. Alikaa kimya mpaka kinapoingia kile kipande cha gitaa, akaniambia, "Hapo nilikosea, na hawakutaka kurudia, walisema utepe ni ghali." Kisha akaniimbia pale alipokosea jinsi palivyotakiwa kuwa. Nimesikiliza wimbo ule miaka zaidi ya hamsini na sikujua kwamba kuna kosa ndani yake. Sasa siwezi kuusikia bila ya kulingoja.

Nimeanza kuandika kwenye daftari la shule: sahani, upande, wimbo, na chini yake majina kadiri wazee wanavyonitajia. Jina naliandika tu wakinitajia watu wawili waliokaa mbali mbali, maana wazee tunapenda kujipachika. Mpaka leo nina sahani nne zilizokamilika. Gazeti lenu linafika Pangani, Muheza, Korogwe, na nasikia hata Mombasa linasomwa. Chapeni basi tangazo dogo: mwenye sahani ya Mzuri ya kundi lolote la Tanga asiitupe, asiigeuze bakuli, na asimpe mtu. Apige picha ile karatasi ya katikati, pande zote mbili, aandike nani anapiga nini kama anajua au kama baba yake alimwambia, awaletee ninyi. Nitakuja kuchukua mwenyewe kwa daladala.

Na mkichapa picha ya sahani, msikate karatasi ya katikati ili picha ipendeze. Watu wa magazeti mna mchezo huo.

Yule kijana aliyeandika makala simlaumu. Ameandika kwa mapenzi na sehemu ya mavazi ya waimbaji ameipatia. Namkaribisha nyumbani Jumamosi yoyote baada ya Alasiri. Redio gramu ya shangazi ninayo, nimeitia vali za kuokoteza, inachukua dakika mbili kupata moto. Nitampigia Lucky Star pande zote mbili. Aje na sarafu.

Fundi redio mstaafu,
Ngamiani, Tanga